Nani Atamlaza Babaji?

Kwa miaka mingi nimekana kwamba niliwahi kutaka kuondoka Bungoma. Nimekana mbele ya ndugu, mbele ya wanafunzi, na mara moja redioni, ambako mtangazaji mwenye haraka aliniuliza swali hilo nami nikajibu kwa sauti ya mtu anayeapa mahakamani. Nimejipatia riziki, kama malipo ya makala yanaweza kuitwa riziki, kwa kuandika kuhusu mizizi yangu: Kalasinga aliyezaliwa kando ya mashamba ya miwa, anayeijua harufu ya molasi kuliko ya waridi. Wasomaji wameipenda hiyo mizizi. Basi na niseme leo. Nilipokuwa mtoto nilitaka kuondoka kuliko nilivyotaka kitu kingine chochote. Ningekwenda Uingereza hata kwa miguu. Begi langu lilikuwa tayari.

Kilichonichokoza ni blanketi. Papaji, baba yangu, alifariki mwaka huu, na tulimuaga Kitale, kwa sababu ndiko walikobaki Makalasinga wa kutosha kubeba jeneza bila kuazima mabega. Siku chache baada ya mazishi Mama alifungua sanduku la bati, akatoa blanketi la buluu lenye ukingo wa dhahabu, na harufu ya nafthalini, dawa ya kufukuza nondo, ikajaa chumba kizima. Dada yake Papaji, ambaye sisi humwita Bua, alikuwa amekuja kutoka Leicester. Akalishika, akalinusa, machozi yakamtoka.

"Blanketi la Babaji," akasema. "Kaka yangu angekuwa nasi Leicester tangu zamani. Ni huyu!" Akaninyooshea kidole mbele ya wageni wote. "Ni huyu aliyelia hataki kuacha Bungoma yake, kaka mwenyewe aliniambia. Baba gani atamvunja moyo binti yake?"

Watu wakanitazama kwa upole. Mimi nikainamisha kichwa kama mtakatifu kwenye kalenda. Mama alikuwa anakunja blanketi, akalikunja mara mbili zaidi ya ilivyohitajika. Mama husoma kila ninachoandika, miwani ikiwa puani na kalamu nyekundu mkononi, kwa hiyo makala hii imechukua muda.

Babu zetu walikuja magharibi ya Kenya wakiwa mafundi: maseremala, wahunzi, watu wa misumeno na mitambo. Pale Bungoma walijenga gurdwara, nyumba ya ibada, ukumbi mmoja wa mabati nyuma ya maduka ya vyuma, wenye chumba kidogo ubavuni na jiko kubwa uani. Wakati wa ujana wa Papaji, ukichelewa Jumapili ulikaa nje kwenye jua. Kisha watu wakaanza kuondoka, na waliondoka kama wageni wanavyotoka kwenye arusi ndefu: mmoja anajifanya anakwenda kuangalia gari, harudi. Akaenda aliyekuwa msomaji wetu wa sala. Akaenda mwenye kiwanda cha kupasua mbao na wanawe. Kila familia iliacha kitu kwa ajili ya gurdwara, feni, zulia, sufuria ya kupikia watu mia, hata tukawa na vyombo vya jamii nzima na jamii yenyewe ni sisi watatu.

Kwa desturi yetu wanaume huketi upande mmoja wa ukumbi na wanawake upande mwingine. Tulipobaki peke yetu desturi haikubadilika. Papaji alikaa mbele akisoma, Mama na mimi tuliketi upande wetu, na upande wa wanaume zulia lilikaa tupu, limefagiliwa vizuri, likisubiri. Baada ya sala Papaji alisimama na kuitangazia jamii, yaani Mama na mimi, kwamba chakula cha Jumapili ijayo kitaandaliwa na familia ya Gurdev Singh. Gurdev Singh alikuwa yeye mwenyewe. Mama aliitikia kwa kichwa kana kwamba habari hiyo ni mpya.

Chakula hicho ni cha yeyote aingiaye mlangoni, ndiyo sheria, na Mama hakujua kupika kidogo. Kwa hiyo walikuja mafundi wa gereji ya Papaji, wakiongozwa na Wekesa, leso zimefungwa vichwani kwa heshima. Akaja pia Nekesa, rafiki yangu wa shule na jirani yetu, sweta ya shule ikiwa juu ya nywele, mikono ya sweta imefungwa chini ya kidevu. Waliketi sakafuni mstari mmoja nasi, wakala dengu na chapati, kisha wakaosha sahani zao. Wekesa aliosha huku akisema hajawahi kuosha sahani kwake, na mkewe asiambiwe.

Sasa nifike kwa Babaji. Huko mbele ya ukumbi, chini ya paa la kitambaa, palikuwa na kitanda kidogo chenye mito mitatu na vitambaa vya hariri. Papaji alikuwa akifika pale alfajiri kabla ya kufungua gereji, na jioni jua likianza kuzama alirudi. Alfajiri ilikuwa "kumwamsha Babaji." Jioni ilikuwa "kumlaza Babaji." Alipelekwa kwenye chumba cha ubavuni, chenye kitanda halisi, shuka halisi, chandarua, na lile blanketi la buluu kwa miezi ya baridi. Wakati wa joto aliwashiwa feni. Hakuna aliyempa mgongo. Hakuna aliyekula kabla yake. Mtu alisimama nyuma yake akimpungia usinga mweupe.

Mimi na Nekesa tulilijadili jambo hili kwa kina, tukiwa tumekaa juu ya matairi.

"Mzee wenu anaumwa nini?" aliuliza.

"Sijui. Hawaniambii."

"Ni mzee mkubwa. Ana usinga. Wazee wetu wa maana pia wako na usinga."

"Lakini ni mdogo sana. Chini ya kile kitambaa hakuna nafasi."

"Aah, wanapungua," akasema Nekesa, ambaye alikuwa na uzoefu. "Babu yangu alipungua hivyo hivyo kabla afe. Mwisho tulikuwa tunambeba na mkono moja."

Nilijua pale kuna kitabu. Nilimwona Papaji akikisoma. Lakini nilidhani kitabu ni mali ya yule mzee, na kwamba Papaji humsomea kwa kuwa macho yake yamekwisha. Ilieleweka kabisa. Kilichoniuma ni kwamba mzee huyu ndiye aliyetuzuia.

Maana kila mwezi uliletwa kwetu ukanda wa kaseti kutoka Leicester. Bua alijirekodi akiongea jikoni kwake, na nyuma yake ulisikika mlango wa jokofu ukifungwa, basi likipita, binamu zangu wakigombana kwa Kiingereza. Tuliketi kuizunguka redio kama watu wanaoota moto. Mwishoni Bua aliuliza, "Basi, mnakuja lini?" na Mama akambonyezea kitufe cha kuzima, akamtazama Papaji. Papaji akajibu lile jibu lake: "Nani atamlaza Babaji?"

Nyumba yetu yote iliishi hivyo, mguu mmoja nje. Masanduku mawili yalikaa juu ya kabati, hayajafungwa wala kufunguliwa. Mama hakununua pazia jipya, kwani si tunaondoka? Papaji aliziba paa linalovuja, kwani si tunaishi hapa? Mama alipanda sukuma wiki lakini alikataa kupanda parachichi. Sukuma haidai uaminifu. Shuleni nilianza daftari jipya nikijiambia sitalimaliza, nikalimaliza, nikaanza jingine kwa hasira.

"Ati mnaenda Uingereza?" Nekesa alinikejeli. "Kila siku mnaenda. Mimi nimeenda Cheptais nimerudi, nyinyi bado mnaenda."

Nilimwombea mzee apone. Na kwa kuwa katika nyumba ile maombi yote yalipelekwa kwa Babaji, nilipiga magoti mbele yake na kumwomba Babaji ampe Babaji nafuu. Leo naona kasoro ya mpango huo. Wakati ule niliona ni ujanja. Nilimuuliza pia mwalimu kama mtu asiyeweza kuketi anaweza kupigwa picha ya pasipoti, akanishika paji la uso kuona kama nina homa.

Jumapili nyingine, moja tu kwa mwezi, tulikwenda Kitale. Huko gurdwara ilikuwa kubwa, yenye sakafu inayong'aa, na watoto wa kutosha kuunda timu mbili. Mama aliachana na ukimya wake kama mtu anayevua koti. Alicheka na wanawake jikoni, mikono imejaa unga, nami nikamtazama nikidhani ni dada yake. Kisha palitokea arusi. Ngoma ilikuwa ndiyo kwanza inaanza, Mama ameshaingia kwenye duara, mkono mmoja juu, Papaji akatokea mlangoni na kulitazama jua. Mama aliushusha mkono. Tulitoka na halua ya ngano ikiwa bado na joto viganjani mwetu, samli ikitiririka kwenye vidole. Ndani ya gari letu la Pijo Mama alifungua kioo akayatazama mahindi tangu Kiminini hadi Kamukuywa, na pale Kamukuywa akasema, bila kugeuka, "Hata mtu wa kifungoni huachiliwa siku ya arusi."

"Ningefanya nini?" akasema Papaji. "Alale peke yake gizani?"

Mimi nyuma nilimchukia yule mzee kwa moyo wangu wote, kisha nikaogopa kwamba amesikia.

Wakati wa mvua ndefu Papaji alishikwa na malaria. Alitetemeka kitandani akiuliza saa, na jioni ilipofika Mama alinishika mkono. "Leo utanisaidia," akasema. Tukanawa, tukafunika vichwa, tukaingia. Mama aliimba kwa sauti ndogo aliyoitumia kunibembeleza nilipokuwa mchanga. Akaondoa kitambaa cha juu. Akaondoa cha pili. Nilikuwa nimejiandaa kuona uso, nimejiambia sitapiga kelele hata akiwa hana meno. Mama akaondoa kitambaa cha mwisho, na pale palikuwa na kitabu. Kikubwa, kizito, kurasa zimefunguka. Na chini yake mito.

"Yuko wapi?" nikauliza.

"Nani?"

"Babaji."

"Si huyu hapa."

"Hiki ni kitabu."

"Huyu hapa, nimekwambia. Nyoosha hicho kitambaa."

Nilianza kulia, na Mama, akidhani nimeguswa na utakatifu, alinipangusa mashavu. Akamfunga Babaji kwa hariri, akamweka kichwani pake, akaniambia nitangulie nikinyunyiza maji. Nikatangulia. Mvua ilikuwa inapiga mabati kiasi kwamba sikusikia wimbo wake. Alimlaza, akamfunika kwa blanketi la buluu, akalivuta hadi juu kama afanyavyo mtu kwa mtoto, na akakaa pale kidogo, mkono juu ya blanketi. Sikuwa nimejua mpaka siku ile kwamba Mama, aliyetaka kuondoka kuliko sisi sote, alimpenda.

Kesho yake nilimpa Nekesa habari nikiwa na uchungu wa mtu aliyeuziwa mbuzi kwenye gunia.

"Hakuna mzee. Ni kitabu."

Nekesa alifikiri. "Lakini kinalala kwa kitanda?"

"Eeh."

"Na kinaamshwa asubuhi?"

"Eeh."

"Na hakuna mtu anakula kama hakijapewa heshima?"

"Hakuna."

"Basi huyo ni mzee, bana. Usinichanganye."

Kwetu Makalasinga kitabu kitakatifu ni mwalimu aliye hai; nimesoma chuo kikuu miaka saba, na bado sijapata maelezo bora kuliko ya Nekesa.

Lakini wakati ule niliona jambo moja tu: kitabu hakihitaji pasipoti, wala hakisumbuliwi na safari. Papaji alipopona, tukiwa mezani, nikasema, "Kwa nini tusimpeleke Babaji Kitale? Kwa gari."

Kijiko cha Mama kilisimama hewani.

Papaji alitafuna polepole. "Babaji si gunia la mahindi. Humpeleki kwa watu bila wao kukubali. Ni lazima kamati ya Kitale ikae."

"Basi waulize," akasema Mama.

"Nitawauliza."

"Lini?"

"Jumapili."

"Na wakikubali?"

Papaji alimtazama, kisha akanitazama mimi. "Wakikubali, tutakwenda," akasema. Papaji hakuwa mtu wa kuvunja neno. Jumapili aliuliza kweli, mbele yetu, na mwenyekiti wao, mzee mmoja mwenye ndevu hadi kifuani, akasema watakaa kisha atapiga simu.

Siku zilizofuata nyumba ilichemka. Mama alishusha masanduku, akayapangusa, akayajaza, akayapunguza, akayajaza tena. Alimrekodia Bua kaseti ndefu akiuliza bei ya makoti. Alimpa mama yake Nekesa sukuma zote zilizobaki shambani. Mimi nililala na begi langu miguuni. Nekesa hakunitania tena, na hilo liliniudhi, nikawa namchokoza mimi. Alinijibu kwa adabu kama mgeni.

Papaji alifanya jambo ambalo sikulielewa. Alianza kutengeneza vitu vizima. Alifungua pampu iliyokuwa ikifanya kazi, akaisafisha, akaifunga. Alipaka rangi lango la gereji. Alisimama uani jioni akisikiliza mizigo ya miwa ikipita barabarani, na kwa mlio tu wa trekta alitaja ni la nani na linaumwa wapi.

"Mzee," Wekesa alimwambia, "ukienda Uraya nani ataniambia mimi ni mjinga?"

"Utajiambia mwenyewe."

"Mimi nikijiambia siamini."

Papaji akacheka, kisha akageuka haraka kutafuta spana iliyokuwa mkononi mwake.

Simu ililia Jumamosi mchana. Ilikuwa imetundikwa ukutani katika ofisi ya gereji, na Papaji alikuwa ameingiza mikono kwenye injini hadi viwiko. Alikuja akitiririka grisi, akaitazama ikilia, akaniambia, "Nishikie." Nilipanda juu ya sanduku la vyuma, nikauweka mkono wa simu kati ya sikio lake na langu, kwa kuwa kilemba chake kilizuia nisiweze kuubana vizuri. Nje Wekesa alizima mashine. Mama alitoka mbio jikoni akasimama mlangoni, unga mikononi, na asingeweza kusikia isipokuwa upande wetu.

"Gurdev!" Sauti ya mwenyekiti wa Kitale ilikuja safi kama mtu aliye chumbani. "Tumekubali! Wote! Mlete Babaji. Chumba kipo, kitanda kipo. Ijumaa tutatuma gari na waimbaji, aje kwa heshima."

Niliona ndege, niliona jokofu la Bua. Nilimgeukia Papaji ili nione naye akiona.

"Gurdev? Unasikia?"

"Nasikia," akasema Papaji. Alikuwa anatazama nje mlangoni, juu ya kichwa cha Mama, kwenye lile lango lenye rangi mbichi. "Nasikia, kaka. Naelewa."

"Basi Ijumaa?"

"Hapana, hapana, usiombe msamaha. Kama hakuna nafasi, hakuna nafasi."

"Nafasi gani? Nimesema ipo!"

"Sisi hatuna neno. Tutabaki naye hapa hapa."

"Gurdev, wewe una wazimu? Nimesema tumekubali!"

Nilihisi taya la Papaji likitetemeka kwenye vidole vyangu. Niliwahi kumwona baba yangu akiinua injini kwa mnyororo, akifukuza nyoka kwa fimbo, akiwa na homa ya kufa mtu. Sikuwahi kumwona akiogopa. Nikafahamu, hivyo hivyo nikiwa juu ya sanduku, kwamba si Babaji aliyeshindwa kuondoka.

Nilisikia jogoo wa Kitale akiwika na mtu akiburuta kiti. Kisha mwenyekiti akauliza, kwa sauti ya chini, "Nani yuko nawe hapo?"

"Familia," akasema Papaji.

Mzee alivuta pumzi ndefu.

"Haya, ndugu yangu," akasema. "Hatuna nafasi."

Simu ikakatwa. Papaji hakusogea. Grisi ilikuwa imenipaka shavuni na sikioni, na mkono wangu ulikuwa umekufa ganzi. Mama hakumuuliza yeye. Aliniuliza mimi.

"Wamesema nini?"

Nilimtazama Mama, unga hadi viwikoni, shingo imenyooka kama aliyesubiri kuitwa jina. Nilimtazama Papaji, naye alikuwa anatazama sakafu.

"Wamesema hawana nafasi," nikasema, na nikautundika mkono wa simu ukutani.